Siku Niliyomlilia Marehemu Nisiyemjua

Jamani, kuna aibu unazosimulia na kuna aibu unazokufa nazo, na hii ilikuwa ya kufa nayo kabisa, ila kwa kuwa kijiji kizima cha Msanzi kinaijua na nusu ya watu wa Mazwi mjini wameshaisikia ikiwa imetiwa chumvi (eti nilizimia, eti nilipigwa kwa jembe, si kweli hata kidogo), naona bora niiseme kwa mdomo wangu mwenyewe.

Mimi ni mwigizaji wa filamu bubu. Ndiyo, chekeni, lakini mwaka wa nne sasa ndiyo kazi inayonilisha mimi na wanangu wawili. Kasiani, mwenye kamera, alianza na filamu za maneno kama watu wengine, sasa huu upepo wetu wa Ufipa mnaujua, ukisikiliza sauti ni vuuu vuuu mwanzo mwisho, basi akasema potelea mbali, sauti tunaitoa, picha iwe nyeusi na nyeupe, maneno machache tutayaandika, na ninyi semeni kwa macho na mikono. Watu wakazipenda kwenye simu zao kuliko zile za kelele. Nimeshaigiza mlevi, polisi, mama mkwe, hata maiti. Sheria ya Kasiani ni moja tu: kamera ikiwaka mdomo unafungwa, hata ukiumwa na nyuki.

Siku hiyo asubuhi tulikwenda Msanzi kwa pikipiki yake kupiga picha ya mwanamke mjamzito aliyekimbiwa na mwanamume, halafu anasikia mwanamume mwenyewe kafa. Nilikuwa nimeshavaa kila kitu: gauni jeusi, uso mweupe kwa poda kama nimetumbukia kwenye gunia la unga, wanja umenishuka mpaka mashavuni, na tumboni mto wa kulalia niliouzungushia khanga, mimba ya miezi minane. Tulitegemea kukuta makaburini hakuna mtu. Tukakuta mazishi. Watu wamejaa, kwaya inaimba, jeneza liko pembeni ya shimo.

Kasiani akageuza pikipiki turudi. Na hapa lawama ni yangu, simsingizii mtu, maana mimi ndiye niliyemshika bega nikamwambia, "Kasiani, waombolezaji wote hawa tungewatoa wapi? Nasimama nyuma kabisa, unapiga kwa mbali, dakika mbili tu, nani atajua?"

Akapanda kwenye kichuguu na kamera yake, mimi nikajipenyeza nyuma ya akina mama, nikaanza kazi. Nililia, jamani! Mabega yanaruka, mikono kichwani, machozi yanachora mistari kwenye poda. Sikujua kwamba wanawake wa Msanzi wana huruma kiasi kile. Mmoja akageuka, akaniona na tumbo langu, akasema, "Mpisheni, mpisheni, mjamzito huyu, asije akaanguka," basi nikapokewa mkono kwa mkono, huyu ananishika kiwiko, yule ananipangusa pua, mpaka nikajikuta mbele kabisa, vidole vya miguu vimegusa udongo wa kaburi. Kwaya ikanyamaza.

Mzee mmoja, mdogo wake marehemu, akanisogelea kwa upole. "Pole, binti. Marehemu alikuwa nani wako?"

Hapo ningesema, "Samahani mzee, nimepotea," yangeisha. Lakini kamera ilikuwa inawaka na mdomo ukajifunga wenyewe kwa mazoea, nikaweka mkono wa kulia moyoni, wa kushoto tumboni, nikatazama mbinguni, nikatikisa kichwa polepole. Kwenye filamu zetu hiyo maana yake ni "sina la kusema." Pale makaburini ilikuwa na maana nyingine.

"Mungu wangu," sauti ikatoka nyuma, "katekista?"

Ndivyo nilivyojua kwamba nilikuwa namlilia katekista, mzee wa miaka sabini na kitu.

Mjane alikuwa amekaa kwenye mkeka, binti zake wamemshika. Akainua kichwa. Akatazama tumbo langu, akatazama jeneza, akarudi tena kwenye tumbo. Hakupiga kelele, na heri angepiga. Akaliita lile jeneza taratibu, kama mtu anayemwamsha mumewe usingizini, "Venansi. Venansi, huyu ni nani?"

Nikamtazama Kasiani kule kwenye kichuguu, naye (siku akifa nitamkumbusha) akaninyooshea dole gumba.

"Ni mto!" nikapiga kelele.

Watu wakageuka kutazama bondeni, kwenye mto.

"Si ule! Huu! Mto!" Nikafungua khanga, nikauchomoa chini ya gauni mbele ya kwaya na wazee wa kanisa, una maua ya waridi, nikauinua juu. Mama mmoja alipiga yowe, wawili wakatimua mbio, na dada wa marehemu akakaa chini kwenye udongo.

Nikapiga magoti, nikasema yote. "Filamu isiyo na maneno?" mdogo wa marehemu akauliza. "Nani ameona kitu hicho?" Ikabidi nitoe simu niwaonyeshe, basi msibani pale simu ikapita mikononi mwa watu, mimi ndani yake nakimbizwa na mbuzi, natumbukia kwenye pipa la pombe. Mwimbaji mmoja akacheka kwa bahati mbaya, akapigwa kiwiko. Vijana walishamshusha Kasiani wamemshika ukosi, wanataka kuivunja kamera.

"Mwacheni," mjane akasema. "Afute mbele yenu, basi." Kisha akaniita. "Kwa hiyo mume wangu hukumjua?"

"Sikumjua, mama."

"Hata jina?"

"Hata jina. Nisamehe, mama."

Alinitazama mpaka nikatamani nami nishushwe kwenye lile shimo. "Umelia vizuri sana, mwanangu. Nilikuamini. Nimeishi na yule mtu miaka yote hiyo, na wewe kwa machozi ya uongo umenifanya nimtilie shaka akiwa hajafukiwa." Akafuta macho. "Nenda jikoni. Utakaa mpaka matanga yaishe, na utamjua."

Nilikaa siku tatu. Nilichota maji, nilisonga ugali wa ulezi, nikaosha masufuria, na wanawake wale wale walionipisha wakanisimulia jinsi Venansi alivyokuwa akitembea kwa miguu mvua inanyesha kwenda kusali na wagonjwa, na jinsi alivyokuwa akiimba vibaya akafukuzwa kwaya mara mbili. Siku ya tatu nililia kweli, kilio kibaya cha kamasi, nimegeukia ukuta, wala hakuna aliyenitazama.

Kazi sijaacha. Lakini Kasiani alipokuja kunichukua nilimwambia tukiwa bado njiani: kwenye tope nitaanguka, pipani nitaingia, na mbuzi wake akitaka anikimbize mpaka Mollo, ila makaburini asiniite tena mpaka siku nitakayopelekwa nimelala.