Gari Langu, Jina la Joël

Hakimu wa Mbarara aliita jina la mwenye gari mara tatu.

"Joël! Joël! Joël!"

Mimi mwenye gari nilikuwa benchi ya mbele, kofia kwenye magoti. 

Msinicheke jamani. Ngoja niwaeleze.

Naitwa Constantin, Mkongo wa Fizi, naishi Juru, humu kambi ya wakimbizi ya Nakivale, Uganda. Miaka tisa mimi na mke wangu Mariette tulilima maharage mpaka tukanunua gari la abiria. Likawa linatoka Nakivale, linapita Kabingo, linafika Mbarara.

Lakini kambini kuna maneno mingi. Watu walisema ukionekana na mali, dosiye yako, faili ya kuomba kwenda ng'ambo, inakufa. Eti wazungu wanachukua maskini tu.

Nikaogopa. Gari na kibali cha njia nikaviandikisha kwa mdogo wangu Joël, tumbo moja na mimi. Kwenye ofisi ya dosiye wakiniuliza kazi, najibu, "Sina kitu, ni jembe tu."

Mariette hakupenda. "Baba Pacifique, mficha uchi hazai."

"Nyamaza, mama. Unataka kuzeekea hapa?"

Mwaka jana Joël akapata ndege. Sisi bado. Tulimsindikiza tukilia, akaenda Kanada na mke wake Viviane na watoto.

Kibali kikaisha muda, na wa kukifanya upya ni mwenye jina. Hapo ndipo Natanaeli, mwenyekiti wa chama cha magari ya abiria, akaenda kortini. Mwenye kibali hayuko nchini, akasema, hiyo njia tupewe sisi.

Basi jina lilipoitwa mara ya tatu, nikasimama. Nikasema yote, mkalimani akatafsiri.

Hakimu akanitazama. "Nani alikukataza kuandikisha kwa jina lako?"

 Hakuna aliyenikataza! Yalikuwa maneno ya kwenye bomba la maji tu.

Akanipa wiki mbili. Joël asaini karatasi kwamba gari na kibali ni vyangu, halafu tutaona.

Nilitoka nikicheka. Karatasi tu! Joël si damu yangu?

Nikampigia simu palepale nje. Nilipomaliza kueleza, akaniambia:

"Yaya, kaka yangu, siwezi."

"Huwezi nini? Kalamu ni nzito?"

Akaanza kulia, mtu mzima. "Siku ya mahojiano ya kuja huku waliniuliza kama niko na mali. Jina langu liko kwenye karatasi za serikali, ningekataa namna gani? Nikasema niko na gari, niko na njia ya Mbarara. Leo nikisaini kwamba ni vyako, watasema niliwadanganya. Niko na watoto, Yaya."

 Nikakaa chini kwenye vumbi, watu wakinipita.

"Uliwaambia uko na gari?"

"Ndiyo."

"Na wakakuchukua?"

"Waliandika tu, wakaniuliza swali lingine."

Sikumtukana. Ningemtukana kwa lipi? Uongo ulikuwa wangu, yeye nilimbebesha tu.

Wiki mbili zikaisha, njia ikaenda kwa chama cha Natanaeli. Alinifuata nje ya korti, akanishika mkono.

"Pole sana, ssebo, bwana wangu. Mimi najua gari ni yako. Steji yote inajua. Lakini korti inataka karatasi."

Alisema kweli, na kweli hiyo ilinitoa machozi mbele yake.

Sasa gari limesimama nyuma ya nyumba, kuku wanataga ndani. Mariette analima mashamba ya watu. Hajanisema hata siku moja, na hapo ndipo ninapoumia zaidi. Heri angenitukana.

Nilificha gari ili nipande ndege. Aliyeandikwa mwenye gari ndiye aliyepanda.

Ndugu zangu, ukiwa na kitu, hata kidogo namna gani, simama useme ni changu. Usingoje siku hakimu anakuuliza, na wewe huna cha kumwonyesha.