Siku Kumi na Moja za Mwalimu Priska

"Hivi wewe Mwalimu, ulishindwa nini kulikataa lile jani?"

Mama Ndelilio alimwuliza hivyo Mwalimu Priska wakati wanakata majani ya ng'ombe, kila mmoja upande wake wa mfereji, mwaka ule wa tisini na nne. Priska alifunga kwanza mzigo wake kwa gome la mgomba.

"Ungelikataa wewe?"

"Mimi? Mae! Ningemlisha ng'ombe palepale, mwenyewe anaona!"

Wakacheka, ila cheko la Priska halikufika mbali.

Alikuwa amefundisha darasa la kwanza miaka kumi na tisa, katika shule moja huko juu Machame. Jina lake lilikuwa limekwisha kupelekwa wilayani apandishwe daraja, awe mwalimu mkuu msaidizi. Ndipo mama yake mzazi akazidiwa, akalazwa hospitali. Priska alimwendea mwalimu mkuu, Kornel, akamkuta uwanjani anawakagua watoto kucha.

"Nenda, dada. Mama ni mmoja," Kornel alisema. "Karatasi tutaandika ukirudi."

Hapakuwa na mtu mzima mwingine wa kusikia.

Alimuuguza mama yake siku kumi na moja. Siku ya tisa wakaguzi walifika shuleni bila taarifa, wakakuta darasa la kwanza halina mwalimu na watoto wamepanda madawati wanarushiana magunzi. Kornel naye alikuwa anangojea cheo, awe mratibu wa elimu wa kata. Woga ukamwingia. Alipoulizwa, akasema mwalimu huyo ni mtoro, na wakaguzi wakaandika. Priska alimzika mama yake Jumamosi. Jumatatu akakabidhiwa barua ya kusimamishwa kazi.

Aliandika kujitetea, kamati ya nidhamu ikampangia siku ya kusikilizwa mjini Moshi.

Zilipobaki siku mbili, Kornel alikuja nyumbani kwa Priska pamoja na baba yake mkubwa, Mzee Efraimu, mzee wa kanisa. Mzee alishika mkononi jani la isale, lile linaloota mipakani mwa vihamba, mashamba yetu ya migomba. Sisi wa mlimani hatuhitaji kuambiwa. Akuleteaye isale amekiri kosa, na ukilipokea umesamehe, wala neno lile hulifufui tena mbele ya watu. Kulikataa ni kujiitia laana.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, binti yangu. Kijana huyu amekukosea. Amelia kwangu tangu jana."

"Ni kweli nilikuruhusu," Kornel akasema, macho chini. "Woga ulinishika. Nisamehe, dada."

"Na kule kwenye kamati, utasema hivyo?"

"Tukishapatana sisi, dada, yale mengine ni karatasi tu."

Priska aliyasikia maneno hayo kama ahadi. Akalipokea jani kwa mikono miwili, wakasali Baba Yetu, akawapakulia mtori. Mama Ndelilio alimlaumu kwa hilo mpaka mwisho. Lakini Priska alikuwa anaomba Sala ya Bwana kila asubuhi. Angesemaje kesho yake, "kama sisi tunavyowasamehe waliotukosea"?

Mwenyekiti wa kamati alikuwa mtu wa mbali, mambo ya isale hayajui.

"Mwalimu, ruhusa alikupa nani?"

Priska akamtazama Kornel, akamngojea. Kornel alikuwa anazungushazungusha kofia yake magotini. Hakuinua kichwa.

"Sisi tumekwisha kupatana nyumbani," Priska akasema taratibu.

"Mama, hapa si kanisani. Una ruhusa au huna?"

"Karatasi sina."

Wakaandika kwamba hana utetezi.

Alirudishwa kazini baada ya miezi mitano, na onyo kali ndani ya faili. Kwenye orodha ya kupandishwa jina lake lilifutwa. Usaidizi akapewa mwingine, na Kornel akaupata uratibu wake. Walimu vijana wakawa wanamtania ofisini: "Mama Mtoro, leo umefika?" Naye anatabasamu, anachukua chaki zake. Cheo alikwisha kukiacha. Lililomchoma ni lile neno, utoro.

"Ni kama mama sikumuuguza," alimwambia Mama Ndelilio siku moja. "Ni kama nilikuwa nazurura sokoni, naye anakata roho."

"Mungu anajua, jirani."

"Mungu anajua. Faili halijui."

Aliendelea hivyo hadi mwaka elfu mbili na tatu, alipostaafu akiwa na miaka hamsini na mitano, kwenye daraja lilelile. Walimu walimfanyia sherehe, wakamvika blanketi. Mgeni rasmi alikuwa Kornel, kichwa chote mvi, akamsifu mno, halafu akasema kwa sauti, "Mama yetu, sema lolote unalotaka tukufanyie!"

"Ng'ombe wa maziwa!" wakapiga kelele walimu.

Priska akashukuru tu, akaketi. Mbele ya watu hakuweza kusema. Alingoja watawanyike, akamsindikiza Kornel hadi njia panda, pale walipobaki wawili.

"Mwalimu Kornel," akasema, "naomba uandike barua moja iwekwe kwenye faili langu, iseme kwamba siku zile kumi na moja ulinipa ruhusa, na kwamba nilikuwa kwa mama."