Karamu ya Watu Wasiosema

Kazi yangu ni kusoma mabaki ya chakula cha watu waliokufa zamani. Nikijitambulisha hivyo harusini, aliyeketi karibu nami huacha kutafuna kuku wake na kunitazama vidole. Siku hizi nafundisha chuo kimoja Embu mjini, lakini kabla ya hapo nilikuwa nikienda Ujerumani kila kiangazi chao, nikipiga magoti ndani ya shimo na mwiko wa mwashi mkononi, tukichimbua hekalu la mungu wa Warumi aliyeitwa Mithra.

Hekalu ni neno kubwa kwa kitu kile. Kilikuwa chumba kirefu, chembamba, nusu yake kimezama ardhini, bila dirisha. Benchi mbili za mawe na udongo zilikwenda na ukuta, huku na huku, na katikati kulikuwa na njia. Mwisho wa njia, ukutani, palikuwa na sanamu ya Mithra akimchinja ng'ombe dume. Waliokutana mle walikuwa wanaume tu: askari, wachuuzi, watumwa walioaminiwa na mabwana zao. Walipanda ngazi saba, ya kwanza ikiitwa Kunguru na ya juu kabisa ikiitwa Baba. Walikula kiapo cha kutosema yanayofanyika ndani, na kweli hawakusema. Mahekalu ya namna hiyo yalitapakaa katika dola lote la Kirumi, lakini hakuna muumini hata mmoja aliyetuachia maelezo ya ibada yake. Mengi tunayoyajua tumeyaokota kwenye takataka zao. Ukutani, kwa mfano, ni ng'ombe dume, lakini sahanini alikuwa jogoo. Mifupa ya jogoo niliiosha mpaka nikaiota.

Wenzangu Wazungu walishangaa kuona kwamba mimi sishangai.

"Wanaume wanajitenga, wanakula nyama, wanarudi nyumbani kimya," niliwaambia. "Mimi nimezaliwa na mmoja wao."

Kwetu ni chini ya Ishiara, kule ambako jua halina huruma na mbuzi ndio benki. Nyuma ya shamba letu la ndengu na muguka, yale majani ya kutafuna, kuna kichaka ambacho hakuna mtu anayekata kuni humo, hata mwaka wa njaa. Wazee wa rika la baba walikuwa wakienda huko kula mbuzi. Siku hiyo wanawake hatukaribii, na siku nyingine zote hatuulizi. Baba ni mzee wa kanisa pia, na sijawahi kumwona akihangaika na mambo hayo mawili. Kanisani huomba kwa sauti mpaka watu wanaangalia saa. Kutoka kichakani alirudi hana neno.

Alirudi hana neno, lakini hakurudi mikono mitupu. Nyumbani kwetu figo ya mbuzi ni ya binti. Mbuzi achinjwe popote, baba mwenye binti hawezi kuimeza figo yote na kulala usingizi. Kwa hiyo kila alipotoka kule alikuwa na kifurushi cha jani la mgomba, na ndani yake figo iliyochomwa, bado ina majivu. "Mama, shika," alisema. Ananiita mama kwa sababu nilipewa jina la mama yake. Hata nilipokuwa mtu mzima na kuanza kuota mvi, nikija likizo nilikuta figo yangu imewekwa juu ya kabati.

Figo ilikoma kwa sababu ya swali moja. Niliporudi kutoka Ujerumani mara ya mwisho, kichwa kimejaa benchi za Warumi, nilimuuliza mezani, mbele ya chai: "Baba, na nyinyi kule mnakaa vipi? Kwa safu au kwa duara?" Aliweka kikombe chini, akachukua kofia yake, akaenda kuangalia mbuzi ambao walikuwa wameshaangaliwa. Baada ya hapo, kwa miaka, tulizungumza juu ya mvua tu. Iliniuma. Mimi ningeweza kumuuliza mtu mmoja tu aliye hai jambo ambalo wenzangu wote wanawauliza wafu, na mtu huyo alinifungia mlango.

Kisha ikaja barabara. Serikali ya kaunti iliamua kupanua njia ya kwenda sokoni, na vigingi vyekundu vikapigwa kutoka kwa duka la dawa za mifugo moja kwa moja mpaka katikati ya kichaka. Sheria inataka wenyeji waulizwe kwanza kama kuna makaburi au mahali patakatifu, na inataka pia mtu wa fani yangu apite akaangalie. Mkandarasi alinipa kazi hiyo mimi, kwa kuwa nilikuwa karibu na sikuhitaji hoteli. Nikafurahi. Nilijua kichaka kimepona, kwa sababu wazee wangesimama na kusema.

Baraza lilifanyika katika uwanja wa chifu. Mhandisi, kijana mstaarabu mwenye buti mpya, alinyoosha kidole kwenye ramani na kuuliza: "Wazee, hapa kwa hii miti, kuna kitu tunafaa kujua?"

Baba ndiye mkubwa wa waliobaki. Alisimama, akaegemea fimbo yake, akasema, "Hapo hakuna kitu."

Wazee wengine watatu wakatikisa vichwa kukubali. Mhandisi akaandika. Mama, aliyekuwa kando yangu, aliuma ncha ya leso yake na kutazama pembeni. Mimi damu ilinipanda mpaka masikioni.

Nilimfuata baba hadi nyumbani nikiongea njia nzima, na mdomo wangu ukishaanza hauna breki. Alisubiri nimalize.

"Ukiulizwa juu ya kule, jibu ni hilo moja," alisema. "Tuliapishwa hivyo. Hatukuambiwa 'isipokuwa barabara'."

"Basi kitakatwa, Baba."

"Najua."

"Na ni wewe umesema."

"Najua, mama. Unafikiri sijui?"

Hakumaliza chakula siku hiyo, wala siku iliyofuata. Hapo ndipo hasira iliponitoka na hofu ikaingia. Wenzake walimwachia kichaka akilinde, wengi wao wako kaburini, na sasa angekufa akijua kwamba kimeangushwa kwa ulimi wake mwenyewe. Angesema ukweli, angekufa mvunja kiapo. Sikuona njia ya tatu.

Nilimwendea mhandisi. Hakuwa mtu mbaya.

"Madam, mimi sina shida na wazee," alisema. "Lakini wamesema wenyewe hakuna kitu. Niletee kitu naweza weka kwa ripoti. Si hadithi. Tingatinga inakuja mwisho wa mwezi."

Kichaka si kidogo. Ningechimba wapi? Mizizi imesukana chini yote, na kutoboa ovyo ni kuharibu. Tena, niseme wazi, sikuwa tayari kuingia na mwiko mahali baba amenyamazia bila yeye kuniambia ingia. Ruhusa nilikuwa nayo kwenye karatasi. Kwa baba sikuwa nayo.

Siku kadhaa zilipita. Asubuhi moja mimi na mama tulikuwa barazani tukichagua ndengu, baba akaja akavuta kigoda. Jambo hilo peke yake lilikuwa habari, maana baba hachagui ndengu. Aliokota vijiwe viwili vitatu kwanza.

"Wale watu wako wa kuku," alisema bila kunitazama. "Unasema hawakusema kitu."

"Hawakusema, Baba."

"Sasa nyinyi mlijuaje?"

Nilimweleza polepole, kama mtu anayemkaribia ndege. Nikamwambia kwamba mtu akila, kitu humdondoka. Njia ya katikati walikuwa wakiifagia, lakini vipande vidogo vilikanyagwa vikazama kwenye sakafu kando ya benchi, na sisi tukavikuta pale pale. Ukiona mifupa ya aina moja inarudi mahali pamoja, tabaka juu ya tabaka, unajua hapo palikuwa na utaratibu.

"Kwa hiyo kiapo hawakuvunja."

"Hapana. Walikula tu."

Alifikiri. "Na mbwa hawakubeba ile mifupa?"

"Mingine walibeba."

"Mbwa ni taabu," alisema baba, akainuka akaenda zake. Mama alinitazama, nikamtazama, tukarudi kwenye ndengu zetu.

Wiki hiyo hiyo beberu mweusi hakuonekana zizini. Nikamuuliza mama, akasema ameambiwa na baba afunge mbwa wote, na amewafunga, na zaidi ya hapo yeye hajui na hataki kujua. Baba alikuwa ametoka tangu mchana akiwa amevaa koti lake la kanisani.

Asubuhi iliyofuata alinikuta jikoni. Macho yake yalikuwa mekundu kwa moshi.

"Mama, leo kule si siku ya wazee," alisema. "Leo ni miti tu. Mtu wa kazi anaweza kupita. Na mbwa bado wamefungwa."

Nilichukua mwiko, futi na kamera, nikaenda. Ndani ya miti kulikuwa na uwazi ambao kwa nje huwezi kuudhania, na katikati yake majivu ya moto wa jana. Kuuzunguka moto kulikuwa na mifupa ya mbuzi. Haikuwa imetupwa. Ilikuwa imewekwa mafungu mafungu, kila fungu mahali ambapo mtu ameketi: hapa taya, pale mbavu, kule mfupa wa bega, halafu kidari, halafu paja. Ilikuwa duara. Nilicheka peke yangu. Maisha yangu yote nimekuwa nikikisia mtu aliketi wapi, na hawa wameniandalia kama wanafunzi waliopanga viti kabla ya mwalimu kuingia.

Kicheko kilikatika nilipoanza kuyahesabu mafungu. Wazee waliobaki ni wanne. Mafungu yalikuwa mengi kuliko hao, yakajaza duara lote, na yale ya ziada bado yalikuwa na nyama, haijaguswa. Walikuwa wamewagawia hata waliokufa, kila mmoja sehemu yake, mahali pake.

Nilizunguka taratibu nikichora. Upande wa juu, mahali ambapo mkubwa angeketi, palikuwa na taya na fuvu. Kando yake, juu ya jiwe bapa, kulikuwa na kifurushi cha jani la mgomba. Sikuhitaji kukifungua ili nijue. Nilikaa chini pale pale na kulia, na sioni haya kusema hivyo. Nilikuwa nimeikosa figo hiyo kwa muda mrefu, na hata mimi mwenyewe sikujua ni kwa kiasi gani.

Nilipojikusanya, nilitoboa mashimo madogo matatu, nikiifuata mizizi kwa adabu. Chini ya taya la jana, kiasi cha kina cha kiganja, kulikuwa na majivu na taya kuukuu. Chini yake majivu mengine, meusi zaidi, na meno ya mbuzi yaliyopoteza hata rangi yake. Penye bega palikuwa na bega. Penye mbavu palikuwa na mbavu. Kule Ujerumani tulitumia miaka kufikia jambo ambalo hapa nililiona kabla jua halijawa kali. Nilipiga picha, nikapima, nikarudisha udongo, nikaushindilia kwa mkono.

Figo niliila nje, mpakani mwa miti, kwa sababu binti hali kule ndani. Ilikuwa ya baridi na ina mchanga. Sijala nyama tamu kuliko hiyo.

Mhandisi alizitazama picha na michoro yangu kwa muda, akageuza karatasi, akazitazama tena. "Sasa hii ni kitu," alisema. Vigingi vilihamishwa. Leo barabara ikifika pale inapinda bila sababu ambayo dereva anaweza kuiona, na wenye pikipiki huwatukana wahandisi kila wakikata kona hiyo. Ripoti yangu inaeleza mifupa, majivu na mpangilio wake. Maana yake sikuiandika, kwa sababu siijui. Jani la mgomba pia sikuliandika, na hilo nalijua maana yake.

Lakini hayo ya vigingi yalikuja baadaye. Asubuhi ile nilirudi nyumbani magoti yamejaa vumbi. Baba alikuwa barazani, kwenye benchi yake ya mbao ambayo huketi peke yake, akinoa panga lililokuwa limeshanolewa. Mama alikuwa mlangoni akijifanya anafagia. Hakuna aliyejua kama nimepata cha kutosha, na baba hakuinua kichwa.

"Umetoka kule," alisema.

"Ndiyo, Baba."

"Kuna nini?"

Nilifungua mdomo nimweleze yote: duara, tabaka, taya juu ya taya, marafiki zake waliokufa na nyama yao. Kisha nikamwona jinsi alivyoshika panga, halitembei juu ya jiwe, anangoja. Nikaelewa kwamba haniulizi kama mtu anayetaka habari. Aliniuliza vile walivyomuuliza yeye siku alipoapishwa.

"Kule hakuna kitu," nikasema.

Baba aliweka panga chini. Halafu akasogea kwenye benchi, akapangusa mahali kwa kiganja, akaniachia nafasi nikae.