Mkono Uliomtoa Dereva

Kanisani kwetu, mtaa wa Atlabara, kabla ya mahubiri watu husimama kutoa ushuhuda, na mimi ndiye ninayewaongoza. Mtu akimaliza, nasema, "Mungu ni mwema," nao wanaitikia, "Kila wakati." Nimeifanya kazi hiyo miaka mingi, nami naishukuru.

Jumapili moja alisimama dereva ambaye lori lake lilikuwa limepinduka barabara ya Nimule. "Mungu alinishika mkono akanitoa," alisema. Nikawaitikisha watu kama kawaida, nao wakaitikia kwa nguvu. Nilisahau kwamba kwenye benchi la nyuma alikuwepo mjane wa utingo aliyefia katika lori lile lile.

Jumapili iliyofuata mama huyo hakuja, wala ile ya pili. Nikamfuata mtaa wa Buluk, anakouza chai chini ya rakuba, kibanda chake cha nyasi. Alinimiminia kikombe kabla sijakaa.

"Mzee, mimi iko na swali moja tu," alisema kwa Kiswahili cha kwao Uganda. "Huo mkono uliishia kwa dereva?"

Mambo hayo niliyasoma nikiwa mwanafunzi wa ukatekista. Nikamweleza kwamba tukisema mkono wa Mungu hatusemi nyama na mifupa. Tunaazima neno la kwetu kwa kuwa la kwake hatunalo.

"Sawa. Mbona mume wangu hamkumwazimia neno?"

Nikanywa chai. Ilikuwa na tangawizi nyingi. Nikamwambia sina jibu.

"Afadhali wewe," akasema. "Wengine walikuja na majibu, nikawauzia chai tu."

Nilimwomba aje kanisani mara moja tena. Hakuahidi. Jioni ile nilimweleza dereva maneno yake.

Jumapili mama yule alikuja, akakaa karibu na mlango. Dereva akasimama bila kuitwa. "Nilitoka," alisema. "Mwenzangu hakutoka. Nashukuru, na sijui nishukuru vipi mbele ya mke wake."

Watu wakanitazama, wakingoja niwaitikishe. Naamini Mungu ni mwema, leo kama jana. Lakini nilikaa kimya, na kanisa zima likakaa kimya pamoja nami.

Baada ya ibada, watu wakinywa chai ya kanisa, mama yule alinikuta nje.

"Mzee, leo umesahau maneno yako."

"Sikusahau, mama."

"Najua." Akafunga kitenge chake vizuri. "Jumapili ijayo zamu ya chai ni ya nani? Ile ya leo ilikuwa maji tu. Nitapika mimi."