Abakosti ya Muvuvi

Mwanangu, kuna siku moja, nikiikumbuka, mpaka leo natazama chini.

Wakati wa Zaire nilikuwa kijana muchoraji hapa Kalemie. Padri wa parokia yetu alikuwa na kamera ya filamu. Tulikata watu wa karatasi ngumu: unamusogeza muntu kidogo, padri anapiga picha, unasogeza tena. Miezi mitatu ya kazi ilitoa dakika tano tu. Tulitaka kuonyesha mwaka ule ziwa lilipopanda likameza nyumba za kando, habari ambayo muji ulikuwa umekwisha kuisahau.

Aliyenisimulia ni Mama Feza, muuzaji wa ndakala, samaki wadogo wa kukausha, sokoni. Mume wake, muvuvi Mubembe aliyetoka kaskazini, alivusha majirani kwa mutumbwi wake mara mbili. Mara ya tatu hakurudi, wala mwili haukuonekana. Mama alinipa habari yote, na ugali juu yake.

Kisha nikasikia Komisere wa zone, mukubwa wa serikali katika wilaya yetu, atakuja kutazama. Nami nilikuwa natafuta kazi katika biro yake. Basi nikamuvua muvuvi shati lake lililochanika, nikamuvalisha abakosti, ile suti isiyo na tai ya wakubwa wa Zaire, nikamupa tumbo na sura ya mukubwa wa chama. Asiyekuwepo na lake halipo, nilijiambia. Ujinga gani ule!

Muchana wa onyesho, sale ya parokia, ukumbi wa mikutano, ilijaa. Mama Feza alikaa mbele na kitenge kipya, na wajukuu wawili aliowaleta waone babu yao, kwa kuwa kaburi la kuwaonyesha hakuna. Mudogo akauliza kwa sauti, "Bibi, babu njo yule mukubwa?"

"Hapana. Babu yenu hayuko humu."

Komisere alikuwa anapiga makofi. Mimi nilitamani sakafu inimeze.

Nilimufuata mama nje kuomba radhi. Hakunifokea, afadhali angenifokea. "Mutoto yangu," akasema, "maji ilimubeba mara moja. Weye umemubeba mara ya pili. Na nilikulisha."

Kazi niliipata. Filamu ikaenda mpaka Kabalo, na padri hakuwa na filamu nyingine ya kupiga upya. Nikipita sokoni, mama alinisalimu kama muntu yeyote.

Majuto ni mujukuu, mwanangu. Ukikabidhiwa habari ya muntu, usiipambe kwa kutafuta uso wa mukubwa. Muonyeshe kwanza aliyekupa, akubali, njo uitoe kwa watu. Yule muvuvi aliitwa Lubunga; nasema jina lake kwa kuwa sikulisema pale nilipopaswa.

Mungu akubariki, na siku utakapoondoka, akupatie muntu wa kukusimulia ulivyokuwa.