Bahati ya Kuzaliwa wa Kati

Enzi zetu Kibosho, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, mchezo haukununuliwa dukani. Tulikalia gome la mgomba tukateleza mtelemkoni mpaka kaptula zikatoboka, kisha tukaingia nyumbani kinyumenyume ili mama asione. Sabuni yenyewe ilikuwa ya kupanga foleni duka la ushirika. Jioni kulikuwa na mtori wa ndizi, na harufu ya kahawa iliyoanikwa ilitufuata hadi darasani.

Mdogo wangu Aloisi hakupenda kuteleza. Alishinda kwenye mfongo, ule mfereji wa wazee unaoleta maji kutoka mlimani, akitengeneza kwa vipande vya mgomba magurudumu ya kuzungushwa na maji. Langu halikuwahi kuzunguka. Lake lilizunguka mpaka wazee waliotoka kunywa pombe ya mbege wakasimama kulitazama. Hata hesabu za darasa langu alinielekeza yeye, ingawa alikuwa nyuma yangu mwaka mmoja.

Nilichaguliwa kwenda sekondari. Mwaka uliofuata akachaguliwa yeye, mama akapiga vigelegele. Wiki hiyohiyo baba akapooza miguu.

Mila yetu mnaijua. Kaka mkubwa alishapewa kihamba cha babu, shamba la migomba la ukoo. Kitindamimba ndiye mrithi wa kihamba cha baba, ng'ombe, na wazazi wenyewe. Wa kati hana chake, akatafute duniani. Baba alituita kitandani, mimi na Aloisi, nami nikamwomba Mungu asibadili mila siku hiyo.

“Wewe rudi shule,” aliniambia. “Huyu ndiye mwenye nyumba.”

Aloisi alisema, “Sawa, baba,” akachukua panga akaenda kukatia ng'ombe majani. Hakulia. Nililia mimi.

Nimejenga mabwawa mikoa mingi, na vijana huniuliza siri. Wanataka niseme niliamka alfajiri nikajituma, wapate cha kuweka mtandaoni. Kujituma nilijituma, lakini Aloisi ameamka kabla yangu maisha yake yote. Nikiwaambia siri ni kuzaliwa wa kati, wanacheka, eti mzee anatania.

Krismasi mimi hupanda mlimani kurudi nyumbani kama Wachagga wote. Siku hizi mfongo una maji haba, na watoto wameinamia simu. Mwaka jana nilimwomba Aloisi atengeneze gurudumu moja tu, wajukuu waone. Akaokota kipande cha mgomba, akakigeuzageuza, akakiweka chini.

“Nimesahau linavyokwenda,” alisema.

Akaenda kuwapa ng'ombe majani. Nikabaki pale mfongoni, mtu mzima na mvi zangu, nikilia kama siku ile.