Mikono Isiyokuwa Yake

Mzee niliyekuwa nikimhudumia huku ughaibuni, mjini Fort Worth, alikuwa Mfaransa. Kazi yangu ilikuwa kumwogesha, kumpa dawa na kumpikia mchana. Wiki ya kwanza tu aliniambia kwamba ujanani aliigiza kwenye sinema kama mtunzi maarufu wa muziki wa zamani, kavaa wigi na yote. Nikaitikia kwa adabu. Moyoni nikasema, huyu ananipima.

Nilitafuta jina lake kwenye simu. Hakuna kitu. Mwenzangu Mkongo, aliyeshika zamu za wikendi, alizungumza naye kisha akanipigia.

"Dada, Kifaransa yake ni ya kweli kabisa. Lakini mambo ya sinema, mimi siamini."

Kwenye ukumbi wa jengo lile kulikuwa na piano. Siku moja nilimsukuma na kiti chake cha magurudumu mpaka pale, nikafunua kifuniko.

"Tupigie kidogo, Mzee."

Akaficha mikono chini ya blanketi. "Nirudishe chumbani."

Kuanzia hapo nilimtilia shaka kwa kila kitu. Akisema hajala, nachungulia pipa la taka. Akisema amemeza dawa, nahesabu vidonge. Ilikuwa si haki, kwa maana kuhusu dawa hakuwahi kunidanganya hata mara moja.

Kisha binti yake, anayekaa Houston, akaomba nimpeleke baba yake huko kusherehekea siku ya kuzaliwa ya mzee. Niliendesha saa nne na ushei. Baada ya keki, binti akaweka sinema ya zamani kwenye runinga. Nikamwona: kijana mwembamba, wigi jeupe, pua ileile, na kale kadoa kando ya jicho ninakokapangusa kila asubuhi. Alikuwa anapiga kinanda kama mtu aliyepandwa na mashetani.

"Mbona jina la mwigizaji hapo ni jingine?" nikauliza.

"Ni jina la kazini," binti akanijibu.

Nikamgeukia Mzee. "Na kupiga piano je? Mbona ulikataa?"

Mzee akaomba picha isimamishwe pale kamera iliposogea karibu na vidole. Vilikuwa vinene, vyenye manyoya. "Hivyo si vyangu. Walimleta mpiga piano wa kweli. Mimi nilitoa uso tu. Watu wakinikumbuka, husema wanakumbuka mikono."

Aibu ilinishika, nikamwomba radhi mbele ya binti yake.

Kesho yake tukashika njia ya kurudi, tukaiacha Houston mbali.

"Wewe uliniambia ulikuwa mwalimu wa hesabu Mombasa," akasema. "Una picha?"

Sikuwa nayo. Vyeti vyangu vyote vilibaki nyumbani kwa dada yangu, na hapa hakuna aliyewahi kuniita mwalimu.

"Sina," nikasema.

Akanitupia jicho la shaka kabisa. "Haya," akasema, "nieleze somo lako la kwanza."

Nikaanza kumweleza.